Biskuti za friji na konfleksi, uzoefu wangu (Kirumba, Mwanza)

Jamani mi nilikuwa na boksi la konfleksi kabatini watoto wamelisusa, si mnajua huku kwetu karibu na ziwa, ukishafungua kitu kikavu siku mbili tu hewa ishakilegeza, nikasema sizitupi ngoja nizipeleke kwenye biskuti za friji, zile donge lake unaligandisha kwanza kwenye friji ndo unalikata vipande na kuoka. Nimeshapika mara nne sasa na kiukweli nimezipenda mno.

Donge lenyewe rahisi, Blue Band gramu 250, sukari kikombe kimoja, yai moja, vanila kidogo na unga wa ngano vikombe viwili na nusu. Unaviringisha kama mchi mfupi, unafunga na foili, friji masaa mawili au zaidi mpaka mafuta yagande, ndo maana zikiingia kwenye oveni hazitambai.

Shida ilikuwa konfleksi. Mara ya kwanza nilizichanganya ndani, donge likalala usiku kucha, asubuhi kisu kinakwama kila kipande kinamomonyoka, na zilipoiva hazilii kabisa ukitafuna maana zilishakunywa unyevu wote wa donge, yaani niliumia. Mara ya pili nikazikausha kwanza kwenye oveni dakika tano hivi, nikazivunjavunja kwa mkono zisiwe unga, nikakata donge vipande vya nusu sentimita huku naligeuza geuza lisibonyee upande mmoja, nikazigandamiza juu ya kila kipande palepale kabla ya kuoka. Nyuzi 180, dakika 12 mpaka 15, kingo zikianza kuwa brauni toa hata kama katikati bado laini, zitakaza zikipoa. Hapo sasa zinalia!

Ila nilichokipenda kuliko vyote, donge linakusubiri. Jumamosi iliyopita nimewasha oveni tu umeme ukakatika mpaka usiku, ingekuwa keki ishaharibika ile, mi nikalirudisha friji nikakataza mtu yeyote asifungue mlango, kesho yake nikaoka kabla ya kwenda kanisani na hazikuwa na tofauti yoyote. Dada yangu alivuka na feri ya Kamanga kuja kutusalimia, kaondoka na kopo zima.

Wenye jiko la mkaa inawezekana pia, nimejaribu kwa sufuria kubwa yenye mchanga, moto mdogo chini mwingi juu ya mfuniko, ila kata vipande vinene kidogo na usiondoke hapo jikoni, chini zinaungua haraka sana.