Pianoteq: piano ya kompyuta inayojibu vidole

Programu nyingi za piano hutegemea rekodi: piano halisi hurekodiwa noti moja moja kwa viwango mbalimbali vya nguvu, kisha mpigaji anapobonyeza kibodi ya muziki, kompyuta hucheza rekodi iliyo karibu zaidi na mguso wake. Sauti yake huwa nzuri, ila mafaili yanaweza kufikia makumi ya gigabaiti. Pianoteq, iliyotolewa mara ya kwanza mwaka 2006 na kampuni ya Modartt ya Ufaransa, hufuata njia nyingine: hukokotoa papo hapo namna nyundo inavyogonga waya na waya unavyoutetemesha ubao, na kwa sababu hiyo ni nyepesi hata kwa kompyuta ndogo ya jukwaani.

Uzuri wake hauonekani katika noti moja. Bonyeza kodi ya Do, yaani noti kadhaa kwa pamoja, taratibu mno, karibu isitoe sauti, uishikilie, kisha ipige Do ya besi kwa nguvu na kuiachia mara moja. Nyuzi za kodi unayoishikilia zitabaki zikivuma kwa mbali, kama zinavyofanya kwenye piano ya mbao. Pedali nayo, ikiwa ni ile inayotuma viwango vya kati, hukuruhusu kuikanyaga nusu na kuipunguza sauti polepole badala ya kuikata ghafla.

Hata hivyo, nasisitiza kwamba programu hii isihukumiwe kabla ya kusawazishwa na kibodi. Midi, lugha ambayo kibodi huitumia kuiambia kompyuta noti zinazopigwa, hupima nguvu ya mguso kwa namba 1 hadi 127, na kila kibodi huzigawa namba hizo kivyake. Yangu ilikuwa ikifika 127 upesi mno, nami kwa wiki kadhaa nikadhani piano ndiyo yenye sauti kali, hadi nilipolegeza ndani ya programu mstari wa mguso, ule unaoamua mguso upi utoe sauti kubwa kiasi gani, na ala ikalainika palepale.

Kwa jukwaani, bafa (idadi ya sampuli za sauti ambazo kompyuta huandaa kwa mkupuo mmoja) ya 128 kwenye sampuli 44,100 kwa sekunde huongeza ucheleweshaji wa takriban milisekunde 3, ambao vidole havitausikia. Ikifika 512 unakuwa karibu milisekunde 12, na hapo mdundo wa haraka huanza kuteleza. Studioni, wakati wa kuchanganya sauti, bafa kubwa haina madhara. Aliyerekodi kwa midi anaweza hata kubadilisha piano baada ya mpigaji kuondoka, na toleo la Standard, tofauti na Stage, humruhusu pia kusogeza maikrofoni na kubadilisha ugumu wa nyundo. Nikirekodi piano peke yake, bila mwimbaji wala ngoma, bado napendelea piano za rekodi kwa harufu yao ya mbao. Ndani ya bendi siachi Pianoteq.

Toleo la majaribio hunyamazisha noti kadhaa na hukoma baada ya dakika 20, muda unaotosha kabisa kusawazisha mguso kabla ya kufungua piano ya pili.