Matembezi ya miguu Charleston na mama yangu: nimelipa mara mbili, uzoefu wangu

Jamani nimeona niandike hii maana kabla sijaenda nilitafuta mtandaoni mtu yeyote aliyeandika kwa Kiswahili kuhusu haya matembezi ya Charleston, South Carolina, sikupata kitu. Mimi naishi Charlotte, kutoka kwangu mpaka Charleston ni masaa matatu na nusu hivi kwa gari, na mama yangu alikuwa amekuja kutoka Unguja kunitembelea, ana miaka 68, miguu bado mizima alhamdulillah ila magoti yanamsumbua kidogo. Nikasema nimpeleke mji wa zamani wenye bahari maana alikuwa ameshachoka kukaa ndani anaangalia theluji, tena theluji yenyewe ilishaisha, ilikuwa mwezi wa nne, maua kila mahali.

Ijumaa tukaanza na kampuni moja ambayo siitaji jina. Tulikuwa watu zaidi ya ishirini na tano nyuma ya muongozaji mmoja asiye na kipaza sauti, ukiwa nyuma husikii kitu. Tukaanzia Battery, kule chini kabisa ambako mito miwili ya Ashley na Cooper inakutana, tukaonyeshwa majumba makubwa, tukaonyeshwa Rainbow Row, zile nyumba 13 za rangi rangi barabara ya East Bay ambazo kila mtu anapiga nazo picha, na sisi tukapiga. Nyumba ni nzuri, sikatai. Zipo zile nyembamba ambazo upana wake upande wa barabarani ni chumba kimoja tu halafu zinarudi nyuma ndefu, ubavuni zina varanda kubwa la kukamata upepo wa bahari, na mlango unaouona barabarani ukifungua huingii ndani ya nyumba, unaingia barazani. Mama alipenda sana hiyo, akasema hawa watu walijua joto.

Tatizo lilianza pale muongozaji anaelezea nani alimiliki nyumba gani, aliuza mpunga kiasi gani, mkewe alikuwa binti wa nani, halafu akionyesha jengo dogo la nyuma uani anasema hapa walilala "watumishi". Mimi namtafsiria mama neno kwa neno, mama akaniuliza, "Watumishi? Kwani walikuwa wanalipwa mshahara?" Nikamuuliza muongozaji hilo swali kwa heshima kabisa, akasema hapana walikuwa watumwa, kisha akaendelea na habari za mapazia. Mpaka tunamaliza saa moja na nusu lile neno halikurudi tena. Kwa mji huu! Maana inakadiriwa kwamba asilimia 40 hivi ya Waafrika walioletwa Amerika Kaskazini utumwani walishushwa bandari hii hii. Mama usiku hotelini akaniambia, mwanangu mimi nimekua jirani na Mkunazini, najua mji ukiwa na kitu haukisemi unakuwaje. Mkunazini ndiko lilikokuwa soko la watumwa kwetu Unguja.

Basi usiku huo huo nikaanza kutafuta upya, nikatafuta matembezi ya watu wa Gullah, yaani wazao wa hao hao Waafrika waliobaki visiwani na pwani ya South Carolina na Georgia wakatunza lugha yao na mapishi yao. Nikapata nafasi mbili kesho yake saa tatu asubuhi, dola 35 kwa kichwa, watu tisa tu. Muongozaji mwanamke wa makamo, mzaliwa wa hapo hapo, alipomuona mama na mtandio wake akamwita "Mama" moja kwa moja bila kufundishwa na akamshika mkono kwenye ile barabara ya mawe ya Chalmers. Hiyo barabara mjiandae, ni mawe ya duara yanayosemekana yalikuja kama uzito wa kutuliza meli, viatu vya kisigino sahau kabisa.

Hapo Chalmers ndipo lilipo jengo la mnada wa watumwa, Old Slave Mart, limejengwa 1859. Alitueleza kitu ambacho jana yake sikukisikia kabisa: kabla ya hapo watu waliuzwa hadharani nje ya jengo la Exchange mwisho wa barabara ya Broad, mwaka 1856 baraza la mji likapiga marufuku kuuza watu nje barabarani, ndio biashara ikaingizwa ndani, kwenye majengo kama hili. Nyuma yake palikuwa na jengo la kuwafungia watu wakisubiri kuuzwa, palikuwa na jiko, na palikuwa na chumba cha maiti. Mnada ukaendelea mpaka 1863, vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Kaskazini na Kusini vikiwa vimeshafika. Siku hizi ni makumbusho, tiketi yake ni mbali na ya matembezi, sisi tulirudi wenyewe mchana.

Akatoa kwenye mkoba picha ya kibati cha shaba, kina tundu juu, kimeandikwa Charleston, mwaka, namba, na kazi. Hapa mtu aliyekodishwa na bwana wake kwenda kufanya kazi kwa mwingine alilazimishwa kukivaa, na mji ulikuwa unatoza ada kila mwaka kwa kila kibati. Mama alikaa na ile picha muda mrefu kidogo, akawa anapitisha kidole kwenye namba.

Halafu kitu ambacho mimi sitasahau. Tulisimama kwenye ukuta wa kawaida tu wa matofali mekundu, ungepita hata usitazame, akatuambia tuangalie kwa karibu. Kwenye tofali moja kuna alama tatu za vidole, vidole vyembamba, vya mtoto. Matofali ya mji huu yalifinyangwa na watumwa mashambani kwenye kingo za mito, na watoto walikuwa na kazi ya kugeuza matofali mabichi yakauke, sasa ukishika tofali bichi vidole vinazama. Akatuambia wekeni vidole vyenu. Vyangu havikutosha, vimezidi. Mama akaweka kidole kidogo kimoja kikaingia vizuri kabisa hadi mwisho wa ukucha, akakiacha pale, akasoma Fatiha kimya kimya, na yule dada akawazuia wengine wasisogee mpaka alipomaliza. Kwa hilo tu mimi pesa yangu ilikuwa imesharudi.

Tukiwa upande wa maji akatuonyesha kwa mbali Fort Sumter, ngome iliyoko katikati ya mlango wa bandari ambako vita vya wenyewe kwa wenyewe vilianza tarehe 12 Aprili 1861. Jana yake hilo tulishaelezwa, mizinga na majenerali. Ila huyu akatueleza habari ya Robert Smalls, na mama mpaka leo anaisimulia kila mtu kwenye simu. Alikuwa mtumwa, mshika usukani anayeijua bandari yote, kwenye meli ya kijeshi ya Kusini inaitwa Planter. Alfajiri ya tarehe 13 Mei 1862 maofisa wazungu wamelala nchi kavu, yeye akavaa kofia ya majani ya kapteni, akawasha meli, akapitia kuwachukua mkewe na watoto na familia za wenzake, akapita ngome zote akipiga king'ora cha ishara sahihi kama kawaida, hata Fort Sumter wakamruhusu wakidhani ni kapteni, alipotoka nje ya masafa ya mizinga akashusha bendera akapandisha shuka jeupe akaikabidhi meli kwa jeshi la Kaskazini. Miaka ya baadaye akawa mbunge kwenye bunge la Marekani. Mama akauliza, "Na mkewe hakuogopa?" Dada akajibu kwamba mkewe alikuwa anajua hatari yote na alikubali kwenda naye hata kama ni kufa. Mama akatikisa kichwa, "Huyo ndiye mwanamke."

Sokoni sasa, City Market. Hapo wanakaa kina mama wanaoshona vikapu vya nyasi za pwani, nyasi zenyewe zina harufu kama majani makavu baada ya mvua, wanazungusha kutoka katikati kama ukili unavyozungushwa, wanashonea kwa ukanda wa jani la palmetto, mti wa kule wa jamii ya minazi, na sindano yao ni mpini wa kijiko cha zamani kilichokatwa kichwa na kunolewa. Mama akapita vikapu vya mikate, vya maua, vyote, akasimama mbele ya kimoja kipana, kimelala, ukingo umeinuka kidogo, akaniambia kwa sauti kubwa, "Si ungo huu!" Nikamtafsiria muuzaji. Akasema ndiyo, hicho ndicho kikapu cha kwanza kabisa, ndicho walichopepetea mpunga mashambani. Maana sehemu kubwa ya utajiri wa majumba tuliyoonyeshwa Ijumaa ilikuwa mpunga, na wenye ujuzi wa mpunga walikuwa watu waliokamatwa Afrika Magharibi, sehemu za Sierra Leone na jirani zake, ambao wenye mashamba waliwatafuta makusudi kwa sababu hiyo. Mama akaomba ruhusa, akaushika kwa mikono miwili, akarusha hewani, akapokea, kiganja kimepinda vile vile kama ninavyomkumbuka uani kwetu. Yule muuzaji mzee kama yeye akaweka kazi yake chini akainuka akafanya vile vile na mikono mitupu. Hawaelewani lugha hata neno moja wale. Walicheka mpaka watu wakasimama kutazama.

Kwa lugha kuna mengi, muongozaji alisema kwa Kigullah karanga ni "guba", nikakumbuka jirani yangu Mkongo hapa Charlotte anaita nguba, na kweli neno limetoka Kikongo. Ufuta wanaita bene, neno la Afrika Magharibi, wana biskuti zake nyembamba, mama akasema hizi zimemezea mate mkate wa ufuta lakini hazijaufikia. Tulinunua pakiti tatu hata hivyo.

Kuna jambo muongozaji hakulisema, nilimwambia mimi, akaandika kwenye kijidaftari chake. Lile bafta la marekani ambalo bibi zetu walishonea magodoro na mito, likaitwa marekani mpaka leo, lilikuwa linafika Unguja na meli za wafanyabiashara wa Salem, Massachusetts, na ubalozi mdogo wa Marekani Unguja ulifunguliwa 1837 kwa ajili ya biashara hiyo. Sasa viwanda vya Massachusetts pamba walitoa wapi? Huku huku Kusini, mikononi mwa watu hawa hawa. Mama alikuwa hajui hilo, na ninavyomjua bado analiwaza.

Tulipita kanisa la Emanuel mtaa wa Calhoun. Denmark Vesey, aliyeshinda bahati nasibu dola 1,500 mwaka 1799 akajinunua kwa dola 600 lakini akashindwa kuwakomboa mkewe na watoto, alikuwa muumini wa kanisa la kwanza la waumini wa hapo, na 1822 walimnyonga yeye na wenzake, jumla watu 35, kwa kupanga maasi. Na ni kanisa hilo hilo ambako tarehe 17 Juni 2015 watu tisa waliuawa wakiwa kwenye darasa la Biblia. Muongozaji pale hakueleza sana. Alisoma majina tisa, tukaondoka.

Mwisho ni Gadsden's Wharf, gati walikoshushwa watu wengi sana miaka ya mwisho kabla uingizaji haujapigwa marufuku 1808. Njiani utaona geti la chuma lenye nyoka, kazi ya Philip Simmons, mhunzi aliyeanza kujifunza akiwa na miaka 13 na amefariki 2009, vyuma vyake viko mji mzima. Pale gatini tangu Juni 2023 kuna International African American Museum, wameijenga juu ya nguzo ili ile ardhi isikanyagwe na jengo, na chini yake kuna maumbo ya watu waliolazwa bega kwa bega kama walivyopangwa ndani ya meli, maji yanapanda yanawafunika, yanashuka wanaonekana tena. Tengeni masaa matatu ya ndani, msifanye kama sisi tuliingia saa tisa tumeshachoka.

Mambo ya kawaida sasa. Matembezi yalikuwa masaa mawili na nusu, choo ni sokoni tu, maji beba. Ukienda miezi ya joto chukua ya asubuhi, mchana unyevu wake ni kama Dar mwezi wa pili. Waislamu wenzangu ulizeni kabla ya kula, wali wao mwekundu na ule wali wa kunde mara nyingi unapikwa na nyama ya nguruwe hata kama huioni, sisi tulikula kamba na ule uji mzito wa mahindi wanaouita grits, na hapo pia tuliuliza kwanza wakatutolea soseji. Kupaki gari katikati ya mji ni ghali, lala karibu utembee. Na vikapu msishushe bei kama mko Darajani, kidogo cha upana wa kisahani tulinunua dola 50, ukiona mtu anavyokivuta kile kijiko unaelewa, kimoja kikubwa kinakula wiki.

Kabla hamjalipa kampuni yoyote waulizeni maswali mawili kwa simu: mnapita Chalmers, na mnafika Gadsden's Wharf? Wakianza kuzunguka zunguka kata simu tafuta wengine.