TAHADHARI: Okidi za porini zinazouzwa kama miche ya kitalu

Ndugu wapenda maua, jihadharini na muuzaji anayetangaza mtandaoni okidi aina ya Eulophia petersii, akidai kwamba ameziotesha mwenyewe kitaluni kutokana na mbegu. Mimea aliyonitumia baada ya kupokea malipo yote kwa simu ilikuwa imechimbwa porini, na dalili zake hazifichiki.

Okidi hii huota ardhini katika vichaka na misitu mikavu ya Kenya na Tanzania, na huvumilia kiangazi kwa maji yaliyomo katika mashina yake manene ya kijani. Mashina niliyopokea yalikuwa na makovu ya zamani na magamba yaliyokauka. Majani, ambayo kwa kawaida ni magumu na kingo zake hukwaruza, yalikuwa yameungua kwa jua na kutafunwa na wadudu. Mizizi ilikuwa imekatika karibu na shina, na kiungo kinachoyaunganisha mashina kilikuwa kimekatwa kwa panga. Mche uliokulia kwenye chungu huwa na mizizi mizima iliyojizungusha ndani yake.

Madai ya mbegu nayo hayaaminiki hata kidogo. Mbegu za okidi ni laini kama vumbi na hazina akiba ya chakula, kwa hiyo huota kwa msaada wa kuvu maalumu ardhini au ndani ya chupa za maabara, na mche huchukua miaka kabla ya kutoa maua. Mtu anayeuza mimea mikubwa kwa makumi, kwa bei ya kutupa, bila kuonyesha hata mche mmoja mdogo, ameitoa wapi?

Kinachonisikitisha zaidi ni kwamba huwaambia wateja wa nchi jirani kuwa ua halihitaji kibali. Si kweli. Jamii nzima ya okidi imo katika CITES, mkataba wa kimataifa unaosimamia biashara ya mimea na wanyama walio hatarini, ulioanza kutumika mwaka 1975, na mmea kama huu unapovuka mpaka unahitaji kibali, uwe wa porini au wa kitalu. Hapa Kenya, ulizeni Shirika la Wanyamapori la Kenya (KWS) kabla ya kulipa.

Aliyekwisha kuuziwa asiupande mmea huo mara moja kwenye udongo wenye maji, kwa sababu vidonda vitaoza. Auache kivulini hadi vikauke, kisha aupande kwenye kokoto na kuumwagilia kidogo sana mpaka mizizi mipya ichipuke.