Olwen au Sadhbh: ningechagua jina lipi?

Yote mawili ni majina ya kike ya Kikelti, yaani ya jamii ya lugha zenye Kiwelisi na Kiayalandi. Olwen ni la Wales, maana yake "nyayo nyeupe": katika hadithi ya kale, kila alipokanyaga binti huyo yalichipuka maua manne meupe ya klova, mmea mdogo wa majani matatu. Linasomeka kama lilivyoandikwa.

Sadhbh ni la Ayalandi. Hutamkwa karibu na "Saivu", na wageni wengi watalikosea, lakini mimi ndilo ninalolipenda. Asili yake ni neno la kale lenye maana ya utamu. Katika masimulizi, Sadhbh aligeuzwa kulungu na mchawi, akarudia umbo lake, akaolewa na shujaa Fionn mac Cumhaill. Mwana wao aliitwa Oisín, yaani "kulungu mdogo". Ningekuwa na binti wa kumpa jina, ningelichukua hili bila kusita.