Santuri ya Enter the Dragon na Kazi ya Lalo Schifrin

Lalo Schifrin, aliyezaliwa Buenos Aires mwaka 1932 na kufariki mwaka 2025, alikwisha kujijengea jina Hollywood, hasa kwa muziki wa tamthilia ya televisheni ya Mission: Impossible, alipotunga muziki wa filamu ya Bruce Lee, Enter the Dragon, iliyotoka mwaka 1973. Santuri yake inafaa kununuliwa na kila mpenzi wa sinema za kungfu, ingawa nyimbo zake hazilingani uzito.

Kibao cha ufunguzi ndicho kinachoibeba: gitaa la umeme linakwaruza mdundo wa fanki, matarumbeta yanaingia kwa kishindo, kisha inafuata lahani yenye ladha ya Kichina, huku ukelele wa mpiganaji ukitumika kana kwamba nao ni ala. Ujasiri huo haushangazi kwa mtu aliyehudhuria madarasa ya mtunzi Mfaransa Olivier Messiaen jijini Paris, kisha akapiga piano katika bendi ya mpiga tarumbeta wa jazi Dizzy Gillespie.

Vipande vya utulivu ni dhaifu, na Uchina unaosikika humo ni ule wa kufikirika wa Hollywood. Anayetaka mtunzi wa Hong Kong yenyewe amsikilize Joseph Koo, aliyetunga muziki wa filamu za Bruce Lee, Fist of Fury na The Way of the Dragon, zote za mwaka 1972. Santuri ya awali, kwa bahati mbaya, ni fupi mno. Mwenye nafasi ya kuchagua atafute toleo lililoongezwa la CD.