Kurasa nne kutoka Alton: jarida la Phyllis Schlafly

Ukilisoma Phyllis Schlafly Report, jarida la mwanaharakati wa kihafidhina wa Marekani, kama gazeti la habari, utalichoka upesi. Lichukue kama kitendea kazi cha mtu anayetaka kumbana mbunge wake, hapo ndipo thamani yake inapoonekana.

Lilianza Agosti 1967 huko Alton, Illinois, baada ya Schlafly mwenyewe kugombea uongozi wa shirikisho la wanawake wa chama cha Republican na kushindwa. Cheo alikikosa, wafuasi akabaki nao. Kurasa nne, mara moja kwa mwezi, na kwa kawaida hoja moja inayotafunwa hadi mwisho. Ni kipimo kizuri: mama wa nyumbani analimaliza akingoja chungu kichemke, kisha ana la kusema mbele ya mwakilishi wake.

Toleo la kuanza kusoma ni la Februari 1972, linalopinga marekebisho ya katiba ya usawa wa jinsia. Bunge la Marekani liliyapitisha tarehe 22 Machi mwaka huohuo, na ndani ya mwaka mmoja majimbo 30 yalikuwa yameridhia. Yalihitajika 38 kati ya 50. Wapinzani walitosheka na kuzuia 13. Kwa hiyo nguvu haikumwagwa Washington. Ilikwenda kwenye miji mikuu ya majimbo, hasa Springfield, mji mkuu wa Illinois, ambako kuridhia kulitaka kura tatu kwa kila tano. Wanawake waliopinga walifika kwa wabunge na mikate na jemu za kutengeneza nyumbani. (Mkate wa moto haukataliki, hata na anayekupinga.) Muda ulipokwisha, 30 Juni 1982, hesabu ilikuwa imekwama kwenye 35.

Hoja zenyewe hazilingani uzito. Ile ya wasichana kuitwa jeshini kwa lazima ilisimama, maana bungeni pendekezo la kuwasamehe wanawake lilikataliwa. Ya vyoo vya pamoja kwa wanaume na wanawake ni ya kutisha watu tu: waungaji mkono walikwisha kuijibu kwa haki ya faragha. Hapa ndipo jarida linapopoteza alama. Anayelitegemea peke yake ataumbuka kwenye mdahalo akikutana na mpinzani aliyejiandaa, kwa hiyo soma na ripoti ya Kamati ya Sheria ya Seneti ya 1972 kabla hujapanda jukwaani.