Kopi ya kitabu, usiku wa Mapinduzi haumo

Nyota moja, na hiyo ni ya jalada.

Niliazimwa kumbukumbu za John Okello, yule anayejitaja kiongozi wa Mapinduzi ya Zanzibar, zile zilizochapwa Nairobi mwaka 1967, na mwenye kitabu alikuwa anarudi Unguja. Nikakimbilia steshenari moja hapa Mtwara mjini wanitolee kopi. Kijana akaniambia, "Mzee, niachie, jioni njoo uchukue." Jioni umeme umekatika (mji wa gesi huu!). Kesho yake nikalipa, kitabu cha watu kikapanda basi.

Usiku nafungua. Okello anafika Pemba 1959, anakusanya vijana wake, anawapa masharti. Usiku wa kuamkia tarehe 12 Januari 1964 wanaijongelea kambi ya polisi ya Ziwani, mjini Unguja, mlinzi yupo na silaha yake... nafunua ukurasa, Okello keshakuwa Field Marshal, yuko redioni anamtishia Sultani! Mapambano yote hayamo. Badala yake kuna ukurasa uliotolewa mara mbili, wa pili kichwa chini, na kidole gumba cha kijana kimetoka safi kabisa pembeni.

Msiniambie habari za Ziwani zimeandikwa kila mahali. Nilitaka anavyosimulia mwenyewe, na majigambo yake humo humo, maana anadai yeye ndiye aliyemnyang'anya mlinzi silaha, na wapo wanaobisha hata kwamba aliongoza chochote. Mwaka ule ule akafukuzwa visiwani. Shuleni kwetu jina lake hatukulisikia. Ali Muhsin, waziri katika serikali iliyopinduliwa, naye ameandika ya kwake. Sasa nitawapambanishaje, mmoja kakatwa ulimi?

Nikarudi. Kijana hata hakuinua macho kwenye simu: "Kwani una mtihani, mzee? Si walishinda?"

Walishinda! Nilitetemeka. Mama mwenye duka akasema nilete kitabu, wanirudishie bure. Kitabu kiko Unguja, mama!

Ila baindi, nisiwe mchoyo, imekaza. Nimevuta karatasi kwa hasira, haijachomoka hata moja. Basi nyota mbili.

Mwenye kitabu kazipiga picha zile kurasa, kanitumia kwa simu. Za kuprinti nitazipeleka wapi? Ile steshenari nyingine wino wake unafifia kama chai ya mwisho wa mwezi. Nitarudi pale pale. Mbili na nusu, kijana akiwa hayupo.